Buti Alizovaa Enok

Saattut, 10 Septemba 1965

Mwanangu Enok,

Pokea salamu za nyumbani. U mzima? Unakula, au unaona haya kuomba kuongezewa? Sisi hatujambo. Baba yako anakohoa asubuhi, lakini akishakunywa kahawa anapona, kwa hiyo najua si ugonjwa, ni kudeka.

Nimekuita mwanangu pale juu ili Mdenmark akiifungua barua hii asidhani nina wazimu. Kuanzia hapa nakuita kaka kama siku zote. Ulipozaliwa tulikupa jina la kaka yangu aliyezama na kayaki yake, na jina hilo ulilichukua pamoja na cheo chake. Wewe ni mkubwa wangu. Ningekuwa na adabu ningekuamkia mimi.

Tangu meli ikuchukue baba yako hana hadithi nyingine. Kila anayeingia kuomba tumbaku huambiwa kwamba Enok amekwenda kusomea mashine za meli, atarudi baada ya miaka miwili, na hapa Saattut hakutakuwa na injini ya boti itakayomshinda. Ni yeye aliyetaka uende, nawe unajua nilivyonuna. Sasa umekwenda, basi soma, lakini urudi. Mbwa wako wananitazama kila ninapotoka na ndoo ya nyama, wakiona si wewe wanalala tena.

Ndani ya furushi hili kuna buti. Soli ni ya yule sili wa ndevu uliyemwinda mwenyewe baharini mwezi wa tano. Nimeitafuna kuilainisha mpaka taya zikaniuma nikashindwa kuongea na baba yako siku nzima, akafurahi. Upande wa juu nimeliacha lile gamba jeusi la ngozi, maji hayapiti. Uzi ni kano ya nyangumi, ukilowa unavimba na kuziba tundu la sindano. Sikukupima. Tangu lini nikampima mtu? Miguu yako nimeitazama tangu ikiwa haijakanyaga chini. Wa kulia nimeuachia nafasi pembeni, pale kidole cha mwisho kilipopinda siku sleji ilipokupitia, mbwa wakiivuta.

Usizifungie sandukuni za kuonyesha wageni. Zivae.

Mdogo wako, mama yako,
Tabita


Denmark, 12 Oktoba 1965

Mama, mdogo wangu,

Shikamoo. Na marahaba pia, kwa niaba ya marehemu. Mimi ni mzima, ila natamani supu ya sili mpaka naiota. Huku nyama wanaichemsha hadi hujui ilikuwa mnyama gani. Baba mwambie aache kudeka.

Furushi limefika. Nililifungua chumbani, na kabla sijavaa hata mguu mmoja mwenye nyumba, Bi Sørensen, alikuwa mlangoni ameshika pua. "Enok, umeficha mzoga humu?" Nikamwambia ni viatu, kashona mama. Akasema, "Mama yako namheshimu sana, lakini viatu vyake vitalala nje." Basi vinalala nje ya dirisha, nimevining'iniza kwa kamba, na paka wa mtaa mzima wamehamia chini ya dirisha langu.

Buti zimenikaa kana kwamba ulikuwa umeketi miguuni pangu ukishona. Hata kile kidole kibovu kimepata chumba chake. Jumapili nilitembea mvuani hadi bandarini na kurudi, soksi kavu kabisa. Vijana wawili wa kwetu, kutoka Nuuk, ninaofanya nao kazi walinionea wivu wakauliza kama una binti.

Kazi si mbaya. Ni karakana kubwa ya meli, kelele kutwa. Bado nabeba vyuma na kumshikia mtu taa, injini naziona kwa mbali. Wametupa viatu vizito vyenye kofia ya chuma mbele, kila mtu lazima avae. Mama, vile viatu ni barafu tupu. Asubuhi navivaa, ikifika saa ya chakula sijui kama vidole bado ni vyangu. Buti zako nazivaa jioni na Jumapili.

Nisalimie mbwa, hasa yule jike mweusi. Usimpe samaki wenye miba, atajifanya anaweza.

Kaka yako, mwanao,
Enok


Saattut, 4 Novemba 1965

Kaka,

Salamu. Meli ya mwisho inaondoka kesho, naandika mbiombio na mikono ina mafuta, ukiona madoa usidhani ni machozi. Wote hatujambo. Bahari imeanza kuganda pembeni.

Huyo Bi Sørensen mwambie siku akija kwetu na manukato yake, naye atalala nje. Na hao vijana wa Nuuk waambie binti sina, ila nina dada mjane, mpishi hodari, na meno yote yapo.

Sasa nisikilize. Viatu vya chuma ni vya nini? Hapa mtu akishika chuma bila glavu wakati wa baridi anaacha ngozi yake palepale, na wewe chuma unakitia mguuni? Mguu usiohisi kitu haujui unakanyaga nini. Ndivyo watu wanavyopoteza vidole, hawajui mpaka wavue viatu jioni. Vaa buti nilizokushonea, na kazini pia, kila siku ya baridi. Msimamizi wako akiuliza mwambie mama amesema. Kama naye alizaliwa na mtu ataelewa.

Baba yako anasema nisikuingilie, Wadenmark wanajua kazi yao. Nikamwambia Wadenmark wanajua chuma, miguu yako naijua mimi.

Mdogo wako, mama yako,
Tabita


Saattut, 28 Juni 1966

Kaka,

U hali gani? Sisi tu wazima. Nimeandika hivyo kwa sababu ndivyo barua inavyoanza, lakini mimi sina utulivu.

Posta ya sleji ilipita mara mbili kipindi cha barafu, ikaleta barua za kila kijana wa wilaya hii aliyeko Denmark. Jana imefika meli ya kwanza. Nilisimama gatini mpaka mfuko wa posta ukakung'utwa, nikauingiza mkono. Mkuu wa duka akaniambia, "Tabita, hamna kitu, mfuko wenyewe utaupasua." Baba yako anasema kijana akiwa kimya ana msichana. Nikamjibu kwamba yeye alikuwa na msichana na bado alipiga domo toka asubuhi hadi jioni, msichana ndiye aliyekosa nafasi ya kusema.

Nacheka na watu mchana. Kaka yangu alipozama hatukupata mwili wala kayaki, tulipata ukimya tu, siku baada ya siku, mpaka mama akaacha kuchemsha maji ya mtu mmoja zaidi. Nimeshakupoteza namna hiyo mara moja. Usinifanyie tena ukiwa hai.

Nataka kuanza buti za kurudia nyumbani mwakani. Kwa mara ya kwanza maishani mwangu naomba kipimo, kwa sababu umekua na sikuoni. Kanyaga karatasi, mguu huu na mguu huu, pitisha kalamu pembeni, nitumie. Kama huna la kusema usiandike neno. Nitumie miguu tu.

Mdogo wako, mama yako,
Tabita


Denmark, 15 Agosti 1966

Shikamoo mama,

Mimi ni mzima, natumaini nanyi hamjambo. Nisamehe kwa kimya, kazi zilizidi. Afya yangu ni nzuri, chakula ni kizuri na hali ya hewa ni nzuri.

Michoro ya miguu imo ndani. Naona haijabadilika sana.

Kuna jambo moja. Nafikiri nitabaki huku kwa muda. Wamenipa kazi ya stoo, ya kukaa, natoa vipuri na kupokea vipuri, na si kila mtu anapata kazi kama hiyo. Mbwa wangu mpe binamu Moses, wasikae bure. Yule jike mweusi apewe pamoja nao, akibaki peke yake atalia. Buti usihangaike nazo, hakuna haraka.

Msalimie baba.

Mwanao,
Enok


Saattut, 30 Septemba 1966

Enok,

Barua yako nimeipata. Unasema hali ya hewa ni nzuri. Tangu uzaliwe hujawahi kunieleza hali ya hewa.

Nilitandaza karatasi zako mbili juu ya ngozi, kisu changu mkononi. Nikaikata ngozi ya mguu wa kushoto. Nikaushika wa kulia, nikautazama, nikautazama tena. Kidole cha mwisho kimenyooka. Nikadhani ni macho yangu, nikasogea dirishani. Nikaigeuza karatasi nikaiweka juu ya ile ya kushoto, nikaziinua zote mbili kwenye mwanga. Mguu umelala juu ya mguu, kisigino kwa kisigino, kidole kwa kidole, hakuna mstari uliotoka nje.

Kaka, hakuna mtu mwenye miguu miwili iliyo sawasawa. Nashona tangu nina meno ya utoto na sijakutana naye. Huo ni mguu wako wa kushoto, umeuchora mara mbili, mara ya pili ukaigeuza karatasi ukaufuatisha mstari kwa nyuma.

Nilichofikiri kwanza ni kwamba umekufa, na kuna mtu mwenye huruma anaiga mwandiko wako. Nilikaa na wazo hilo siku nzima. Nilipika nalo, nikalala nalo. Kisha nikasoma tena pale ulipomtaja jike mweusi kwamba atalia, nikajua ni wewe, hakuna mgeni anayemjua mbwa huyo anavyolia. Nilishukuru, halafu hofu ikarudi kwa mlango mwingine.

Baba yako sijamwonyesha. Moses sijampa mbwa.

Mguu wa kulia uko wapi?

Mama yako,
Tabita


Denmark, 6 Desemba 1966

Mama,

Shikamoo. Sijui nikuulizeje hali baada ya barua ile.

Haupo. Januari mwaka huu bamba la chuma liliponyoka kwenye mnyororo likaniangukia. Hospitali walijaribu kuuokoa, wakakata kidogo, ukaoza, wakakata tena, mwisho wakakata chini ya goti. Nilikuwa kitandani mpaka theluji ya huku ikaisha. Sasa nina mguu wa mti uliofungwa kwa mikanda, natembea na fimbo. Unanichubua, ndiyo maana nakaa stoo.

Kila nilipoanza kukuandikia niliuona uso wako nikaacha. Halafu ukaomba kipimo. Nilicheka peke yangu chumbani, mama, nikacheka mpaka nikalia. Bi Sørensen akaja akakaa nami bila kushika pua. Usiku wake nikachora. Nilisema, nani atajua.

Sirudi. Usinibembeleze. Saattut nitafanya nini? Kwenye kayaki mguu huu ni gogo, kwenye barafu nyembamba ni kifo. Nikae ndani na wanawake nikingoja Moses aniletee ini la sili kama kikongwe? Nina miaka kumi na tisa. Huku angalau hakuna anayekumbuka nilivyokuwa nakimbia mbele ya sleji.

Baba asijue. Ndiye aliyetaka nije, itamla. Mwambie nimepata mwanamke wa Kidenmark. Atanuna, kisha atazoea.

Mwanao,
Enok


Saattut, 25 Februari 1967

Kaka,

Barua yako imeletwa na sleji ya posta. Nimelia, nimemaliza, sasa nakujibu.

Baba yako anajua. Nilimsomea nikiwa nimesimama, neno kwa neno, hata pale uliposema asijue. Alikuwa anakula. Nikamwambia, "Haya Jeremias, hizo ndizo mashine zako za meli. Kula." Hakula. Tangu siku hiyo sisemi naye. Nampikia, namwekea, naondoka. Buti zake zikilowa nazianika, kwa sababu kumwachia mtu aende barafuni na miguu mibichi ni dhambi na siitaki. Lakini sizilainishi. Meno yangu hayazigusi. Asubuhi namsikia anavyojikakamua kuziingiza, ngumu kama mbao, na mimi natazama ukuta. Alikutoa kwangu ili apate cha kujisifia, na nitamwambia hivyo mpaka mmoja wetu azikwe.

Hayo ni yangu na yake. Yako ni haya: acha upuuzi wa kukaa ndani na wanawake. Anayevua kwa mshipi anakaa juu ya boksi na kuchungulia tundu la barafu. Nyavu za sili watu wanazitega wamepiga magoti. Na mbele ya sleji hukuwa unakimbia sana kama unavyojikumbuka, mara nyingi ulikuwa unakimbilia kuidandia.

Mti unakuchubua kwa sababu umevishwa na mtu asiyejua ngozi. Chukua uzi. Uzungushe pale walipokata, funga fundo. Uzungushe tena chini ya goti, funga fundo. Kisha ushushe toka goti hadi mwisho. Niambie kovu liko upande gani. Nitakushonea soksi ya ngozi ya mtoto wa sili, manyoya ndani, na mshono nitaupitisha mbali na kovu. Nitumie uzi huo, mengine tutagombana ukifika.

Mdogo wako, mama yako,
Tabita


Denmark, 9 Aprili 1967

Mama,

Shikamoo. Uzi umo ndani ya bahasha. Kovu liko nyuma, kwa upande wa ndani. Lakini maliza kusoma kabla hujashika sindano.

Zungumza na baba. Hili nilikusudia kulificha mpaka nife, ila siwezi kukaa huku nikijua anavaa buti ngumu kwa ajili yangu.

Siku ile kulikuwa na baridi kali. Viatu vya chuma niliviacha kabatini, nilikuwa nimevaa buti zako. Msimamizi alikuwa ameshanikataza, nikangoja apite ndipo nikabadilisha. Bamba liliangukia vidole, palepale ambapo ile kofia ya chuma ingekuwa. Mwenzangu tuliyesimama naye liliangukia mguuni kwake vilevile. Yeye alichechemea kidogo, akarudi kazini. Hospitali waliikata buti ya kulia kwa mkasi. Muuguzi akauliza kama kuna mtu wa kuishona tena, nikasema yupo mmoja lakini yuko mbali.

Karakana haina kosa. Baba hana kosa. Wewe ulisema nizivae, na mimi nilitaka kuzivaa kwa sababu zina joto na zinanuka nyumbani. Sikulaumu, mama, naapa. Nilidanganya habari za mguu kwa sababu ukishajua mguu utauliza nilikuwa nimevaa nini.

Nisamehe kwa kukwambia.

Kaka yako, mwanao,
Enok


Denmark, 20 Agosti 1967

Mama,

Shikamoo. Meli zimekuja kutoka kwenu bila barua. Naenda bandarini na fimbo yangu, nasimama, narudi. Sasa najua ulivyosimama wewe.

Andika hata matusi.

Enok


Saattut, 2 Oktoba 1967

Kaka,

Matusi sina. Sikuwa na kitu chochote cha kukuandikia.

Barua yako ya Aprili niliisoma nikiwa peke yangu. Baba yako aliporudi nikamwambia neno la kwanza baada ya miezi: "Ni mimi." Akauliza, "Wewe ndiye nini?" Nikampa asome mwenyewe. Unamjua anavyosoma, midomo inatembea. Nilingoja anirudishie yote niliyomtupia, nilikuwa nimeyastahili. Akaikunja barua akasema, "Basi tuko wawili. Kahawa ipo?"

Sikupata nafuu. Niliweka sindano zangu kwenye kopo nikalifunga kwa kamba. Majira yote ya joto sikushona. Ngozi zilikauka kwenye fremu zikapasuka. Dada yangu alikuja kunisuta, "Tabita, unaoza kuliko ngozi zako," nikamfukuza, akaondoka na kikombe changu. Nikishika soli naona mkasi. Nikiitia mdomoni nakumbuka nilivyosema mwambie msimamizi mama amesema, naitema.

Mwezi uliopita buti ya baba yako ilitoboka. Hakuniambia. Nilimkuta nyuma ya nyumba ameketi juu ya sleji, ulimi nje, anashona mwenyewe kwa uzi wa nyavu. Mshono ungepitisha samaki mzima. Nikamuuliza, "Unafanya nini?" Akasema, "Wewe umeacha kushona, na mimi nina miguu miwili, nataka ibaki miwili." Kisha akasikia alichosema. Aliona aibu mpaka masikio yakaiva. Kaka, nilicheka. Nilicheka vibaya, halafu nikakaa chini juu ya mawe nikalia mpaka mbwa wako wakaanza kulia na mimi. Baba yako hakujua anyamazishe nani kwanza. Nikamnyang'anya buti.

Ndivyo nilivyoshika sindano tena. Furushi lina soksi uliyonitumia uzi wake, ngozi ya mtoto wa sili, haitakuchubua. Lina buti ya kushoto. Na lina ya kulia. Mguu wa mti sijauona, kwa hiyo nimeiachia kamba ya kukaza juu, na soli nimeipa manyoya kwa nje usiteleze kwenye barafu. Hiyo ya kulia mshono umenipinda. Utaona mahali, mimi napaona kila nikifumba macho.

Sikuagizi uzivae. Nimeapa sitamwagiza tena mtu avae nini. Kama huwezi kuzigusa, watupie paka wa Bi Sørensen.

Lakini nakuomba jambo, na sijui kama nina haki ya kuomba. Njoo mwakani na meli ya kwanza. Sijui kama nitaweza kuutazama mguu huo. Nataka nishindwe nikiwa mbele yako, nisishindwe nikiwa na karatasi mkononi. Usinijibu, nimechoka kukusoma. Meli ikija na wewe, umekuja. Ikija na barua, nitaelewa bila kuifungua, na sitakulaumu.

Mdogo wako, mama yako,
Tabita


Uummannaq, 4 Julai 1968

Mama, mdogo wangu,

Shikamoo. Jina la mji nimeliandika kubwa nje ya bahasha, na huyu anayekuletea nimemwapisha asiondoke mpaka ufungue. Niko Uummannaq, karibu na nyumbani. Nimefika jana.

Meli ya kuja kwenu imezuiwa na barafu, wanasema haitasogea karibuni, lakini boti ndogo zinapita kando ya pwani. Mtu huyu alitaka kunichukua, nafasi anayo. Nikakataa. Nataka baba anifuate, yeye aliyetaka niende.

Nimeogopa njia nzima. Nuuk nilishusha sanduku kabisa, nikalipandisha tena meli ikipiga honi. Hapa gatini watoto wananifuata. Mmoja aliniuliza kama mguu wa mti unasikia baridi. Nikamwambia hausikii. Akasema, "Una bahati."

Buti nimezivaa. Hukuniagiza, nimezivaa mwenyewe. Ya kushoto ni kavu. Ya kulia inavuja kwenye mshono wa pembeni, ni kweli umepinda, lakini usijali, huko ndani hakuna mtu wa kulowa. Soksi haichubui. Natembea bila fimbo kutoka duka hadi gatini, taratibu, na hujaona mtu anavyotoka jasho.

Baba asije peke yake. Njoo naye. Najua utaogopa kushuka kwenye boti, na mimi naogopa ukishuka, basi tutakuwa sawa. Niko mwisho wa gati juu ya pipa la mafuta, panapoonekana boti zinazotoka kwenu. Ukifika usitazame chini haraka, nitazame kwanza usoni. Nikiiona boti yenu nitasimama.

Kaka yako, mwanao,
Enok